Nyama ya uyoga si tishu, ni msuko

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wa barua ili nizungumzie neno moja, tishu, lililotumika katika makala yenu ya hivi karibuni kuhusu kilimo cha uyoga hapa mkoani Tanga. Makala yenyewe niliipenda, nikaikata na kuihifadhi, kwa kuwa imeeleza vizuri jinsi akina mama wanavyokatakata majani makavu ya mpunga, wanavyoyachemsha, wanavyotia mbegu katika mifuko na kuining'iniza kwenye banda lenye kivuli na unyevu. Hata hivyo, katikati ya makala mwandishi ameeleza kwamba nyama ya uyoga ni tishu laini kama ya mmea, na aya mbili baadaye nyama ile ile ameiita tishu bandia. Kauli hizo mbili haziwezi kuwa kweli kwa pamoja, na kwa maoni yangu hakuna hata moja inayofaa. Nilifundisha biolojia katika shule za sekondari za mkoa huu kwa miaka 31 kabla ya kustaafu, na nimewahi kulipigania neno hili darasani mara nyingi mno kuweza kulinyamazia linapotokea gazetini, ambako linasomwa na watu wengi kuliko wanafunzi wangu wote kwa pamoja.

Nianze na tishu yenyewe. Neno hili limeingia katika Kiswahili kutoka Kiingereza, na Waingereza walilichukua kwa Wafaransa, ambao kwao lilikuwa na maana ya kitu kilichofumwa, yaani kitambaa. Aliyelipa kazi yake ya kisayansi ni tabibu Mfaransa Xavier Bichat, aliyefariki mwaka 1802 akiwa bado hajatimiza miaka 31. Bichat hakutumia hadubini, kwa sababu hakuziamini hadubini za wakati wake. Alichukua sehemu za maiti akazichemsha, akazikausha, akaziacha zioze, akaziloweka katika tindikali, akatazama kila moja inavyobadilika, na kwa njia hiyo ya subira akatenganisha aina 21 za vitu vinavyoujenga mwili. Macho yake yaliona tabaka na nyuzi zilizokaa kama nguo, ndiyo maana akaviita vitambaa. Hata jina la elimu yenyewe, histolojia, limejengwa juu ya neno la Kigiriki linalohusu mtambo wa kufumia nguo. Kwa hiyo tangu mwanzo watu wa elimu hii walizungumza lugha ya wafumaji.

Baadaye hadubini zilipoboreka, na hasa baada ya wanasayansi Wajerumani, Schleiden mwaka 1838 na Schwann mwaka 1839, kuonyesha kwamba mimea na wanyama wamejengwa kwa seli, ikadhihirika kwamba tishu ya mmea haikufumwa hata kidogo. Ukitazama utando mwembamba wa kitunguu maji chini ya hadubini, huoni nyuzi zilizopishana. Unaona vyumba vilivyopangwa ukuta kwa ukuta kama matofali. Na vyumba hivyo havikuletwa kutoka mbali vikaunganishwa. Seli moja ilijigawa ikajenga ukuta katikati yake, zikawa mbili. Kila moja ikajigawa tena, mara kwa urefu, mara kwa upana, mara kwa kina, hadi pakatokea kipande kizima. Seli mbili zinazopakana katika tishu ya mmea kwa kawaida ni ndugu wa tumbo moja. Zilikuwa jirani tangu siku ya kuzaliwa, na ukuta uliopo kati yao wameujenga pamoja.

Uyoga haukui hivyo. Mwili wa uyoga ni nyuzi nyembamba ambazo katika vitabu vyetu huitwa haifa, na wembamba wake ni kiasi cha mikromita 2 hadi 10, maana yake katika upana wa milimita moja unaweza kuzipanga nyuzi 100 hadi 500. Kila uzi hukua kwenye ncha yake tu. Kuta zinazogawanya uzi hukatiza kwa upana, kama vifundo vya mwanzi, na mara nyingi huwa na tundu katikati ambalo ute wa seli hupita kutoka chumba kimoja hadi kingine. Uzi hutoa tawi, tawi hutoa tawi, na uyoga unapotaka kuchomoza juu ya mfuko au juu ya gogo, maelfu kwa maelfu ya nyuzi hizo hukutana, hulala sambamba, hupishana, hushikana kwa ute, na mahali pengine huungana kabisa mdomo kwa mdomo. Kile tunachokikata kwa kisu na kukikaanga ni mkusanyiko wa nyuzi hizo. Seli mbili zinazogusana ndani ya kikonyo cha uyoga zinaweza kuwa zimetoka katika nyuzi mbili tofauti zilizoanza safari zao pembe mbili za mfuko. Ni majirani waliokutana ukubwani, na kila mmoja ana ukuta wake.

Marehemu mama yangu alikuwa msukaji wa mikeka, na ni kwake nilikojifunza jambo hili kabla sijajua kwamba lina jina la kisayansi. Alikuwa akikaa barazani Ngamiani baada ya swala ya alasiri na fungu la ukindu alilokwisha kulichana na kulitia rangi, akisuka ukili mrefu ambao ulijikunja mapajani mwake kama utepe. Nilipokuwa mdogo nilimwuliza kwa nini mkeka hauchaniki kama jani la mgomba. Akaufungua mwanzo wa ukili mmoja, akaniwekea chana moja moja kiganjani, zile nyekundu upande huu na zile nyeupe upande ule, akasema: "Tazama, mwanangu, hakuna mkeka hapa, kuna ukindu umeshikana mikono." Miaka mingi baadaye, nilipokuwa chuoni na kuchana kikonyo cha uyoga kwa sindano mbili chini ya lenzi, nikaona nyuzi zinaachana moja baada ya nyingine, kauli hiyo ya mama ndiyo iliyonijia.

Wataalamu wa kuvu, yaani lile kundi la viumbe ambamo uyoga umo, walipoona kwamba miili ya viumbe hawa inafanana na tishu kwa nje lakini asili yake ni nyuzi, walihitaji neno lake. Wakaunda jina ambalo kwa matamshi yetu tunaweza kulisema plektenkima. Sehemu yake ya kwanza inatokana na neno la Kigiriki lenye maana ya kitu kilichosukwa. Sehemu ya pili inatokana na neno lenye maana ya kumimina, lile lile lililomo katika parenkima, jina la tishu ya kawaida inayojaza nyama ya majani, mizizi na matunda. Parenkima ni neno kongwe mno. Linahusishwa na tabibu Erasistratus wa karne ya tatu kabla ya Kristo, aliyedhani kwamba nyama ya ini ni damu iliyomiminika kando ya mishipa ikaganda. Dhana yake ilikuwa na makosa, lakini jina likabaki, likahamia hadi kwenye mimea.

Plektenkima ni jina la jumla, na chini yake wataalamu hutofautisha aina mbili. Katika aina ya kwanza nyuzi bado zinatambulikana: ni ndefu, zimelala zaidi au kidogo sambamba, na ukiwa na mkono mtulivu unaweza kuufuata uzi mmoja kutoka mwanzo hadi unapopotelea. Hiyo ndiyo hali ya kikonyo cha uyoga mamama, na ndiyo sababu mpishi anaweza kuuchana kwa vidole ukatoka vipande virefu kama nyama ya kuku. Katika aina ya pili nyuzi zimebanana, vyumba vyake vimevimba na kuwa vya mviringo au vyenye pembe, mpaka kipande kikikatwa huwezi tena kusema uzi huu unaanzia wapi. Kwa macho ya mtu asiye mzoefu ni parenkima tupu, na kwa sababu hiyo aina hii imepewa jina la parenkima ya uongo. Ninaamini kwamba hapa ndipo mwandishi wenu alipoipata ile tishu bandia, na simlaumu kwa kuwa hata vitabuni jina hilo lina kasoro.

Kuna jaribio nililokuwa nikilifanya darasani kila mwaka, na ambalo mtu yeyote mwenye wembe, hadubini ya shule na tone la iodini anaweza kulirudia. Nilikuwa nikikata kipande chembamba cha muhogo mbichi na kipande chembamba cha uyoga, kila kimoja juu ya kioo chake, kisha natia iodini. Muhogo ulibadilika papo hapo ukawa wa buluu iliyokolea kukaribia weusi, kwa kuwa seli zake zimejaa wanga. Uyoga ulibaki na rangi ya manjano au hudhurungi, kwa sababu kuvu hawaweki akiba ya wanga. Huweka glikojeni, akiba ile ile inayowekwa na ini letu. Kisha niliwaambia wanafunzi wazungushe kirekebishi taratibu na kuchora wanachokiona bila kutazama kitabu. Kwa muhogo walichora masanduku. Kwa uyoga, mwaka mmoja binti wa kidato cha pili kutoka Pongwe alichora kitu kama nywele zilizotimka, akasimama kando ya meza na kuniuliza kwa hofu kama ameharibu kipande. Hakuharibu kitu. Alikuwa mwanafunzi pekee siku ile aliyechora alichokiona, wenzake wote walikuwa wamechora masanduku kwa sababu somo lilikuwa linahusu tishu.

Tofauti hii inaeleza mambo ambayo watu wetu wanayajua bila kujua sababu zake. Kila mtu hapa amewahi kuamka asubuhi baada ya mvua akakuta uyoga umesimama mahali ambapo jana hapakuwa na kitu. Mmea hauwezi kujenga mwili wa namna hiyo kwa usiku mmoja, kwa kuwa lazima ugawe seli zake moja moja. Uyoga hukamilisha sehemu kubwa ya kazi yake ukiwa bado kifundo kidogo: nyuzi zimekwisha kusukwa, na zinachosubiri ni maji. Maji yanapopatikana seli za nyuzi hunyonya na kurefuka, na kikonyo kizima hupanda. Vilevile mkulima anayeandaa mbegu anaweza kuchukua kipande kidogo kutoka ndani ya kofia ya uyoga, akakiweka kwenye chakula safi ndani ya chupa, na nyuzi zikaanza kutambaa bila kuhitaji homoni wala dawa ya kuziamsha. Nyuzi hizo zilikuwa zimeshikana mikono tu, na zikiachanishwa kila moja inaendelea na maisha yake ya awali. Anayezalisha miche ya mkonge au migomba maabara kwa kutumia tishu anajua kwamba mmea hausamehi kirahisi namna hiyo. Hudai viwango maalumu vya homoni ili seli zake zirudi kwenye hali ya kuzaa upya.

Na kwa kuwa nimeutaja mkonge, naomba nikae hapo kidogo, maana sisi watu wa Tanga hatuwezi kuzungumzia nyuzi bila kuuzungumzia. Mkonge uliletwa mwaka 1893 na Mjerumani Richard Hindorf, na inaelezwa kwamba kati ya miche iliyosafirishwa ni 62 tu iliyofika ikiwa hai. Tangu hapo singa zake zimelisha na kusomesha vizazi vya mkoa huu. Mtu akiiona singa ikitoka kwenye korona, ile mashine ya kuchakata majani ya mkonge, ndefu na nyeupe, atasema bila kusita kwamba huu ni uzi. Lakini ukiikata na kuitazama kwa hadubini, singa moja ni fungu la seli nyingi zenye urefu wa milimita chache kila moja, zenye kuta nene, zilizogandamana ubavu kwa ubavu na kuzaliwa ndani ya jani kwa kugawanyika. Singa, ambayo jicho linaiita uzi, ni tishu halisi. Uyoga, ambao jicho linauona kuwa nyama isiyo na uzi, ni nyuzi tupu. Sijawahi kupata mfano bora zaidi wa kumwonyesha kijana kwa nini sayansi haiwezi kuridhika na umbo la nje, na mfano huo uko mlangoni kwetu.

Baharini nako jambo hili lipo, na huko linagusa mifuko ya watu. Mwani unaolimwa katika pwani ya Mkinga, ule unaojulikana sokoni kwa majina ya spinosum na cottonii, ni wa kundi la mwani mwekundu, na kilimo chake kilianza Zanzibar mwaka 1989 kwa mbegu kutoka Ufilipino. Ukikivunja kitawi chake kikiwa kibichi kinavunjika kwa mlio kama figili, na mtu angeapa kwamba ndani mna tishu. Kumbe ndani mna nyuzi zinazokimbia kutoka ncha hadi ncha, na kuelekea nje zinatoa matawi mafupi ambayo vyumba vyake vinabanana na kuwa kama gome. Nafasi iliyo kati ya nyuzi na kuta zake imejaa ute mzito, na ute huo ndio bidhaa: unachujwa kiwandani, unakaushwa, unaingia katika dawa ya meno, aisikrimu na maziwa ya pakiti ili kuyafanya yawe mazito. Mnunuzi, kwa maneno mengine, analipia gundi inayoushika msuko. Siyo kila mwani uko hivyo. Ule wa kahawia wenye vifuko vya hewa, unaotupwa ufukweni kwa wingi na ambao hakuna anayeuokota, una parenkima ya kweli, kwa kuwa seli zake hugawanyika pande zote kama za mmea. Mwalimu anayewapeleka wanafunzi ufukweni Raskazone maji yakiwa yametoka anaweza kuwaonyesha yote mawili ndani ya nusu saa.

Mfano mwingine uko juu ya minazi. Yale mabaka ya kijivu na kijani kibichi iliyopauka yaliyogandana kwenye mashina ni kuvumwani, yaani kuvu na mwani walioamua kuishi pamoja. Hapo nyuzi za kuvu zimebanana juu zikatengeneza ngozi, chini ya ngozi seli za mwani zimehifadhiwa kama vito, na chini yake tena nyuzi zimelegea kama pamba. Ni katika elimu ya kuvumwani ambako neno plektenkima hutumika mara nyingi zaidi, kwa sababu huko mtu hawezi kueleza hata aina moja bila kulihitaji.

Nimeeleza kwa urefu ili hoja yangu dhidi ya tishu bandia ieleweke. Kwa Kiswahili cha leo, neno bandia lina kazi mbili zinazojulikana na kila mtu. Kazi ya kwanza ni kutaja kitu cha kudanganyia, kama noti bandia na dawa bandia. Uyoga haumdanganyi mtu. Ulikuwa umejengwa hivyo kabla ya kuwapo mtu wa kuutazama. Kazi ya pili ni kutaja kitu kilichotengenezwa na binadamu kuchukua nafasi ya kile cha asili, kama meno bandia na mguu wa bandia. Kwa kazi hiyo tunalihitaji neno tishu bandia mahali pengine kabisa, kwa kuwa tayari ipo ngozi inayotengenezwa maabara kwa ajili ya watu walioungua moto. Tukilimaliza jina hilo kwenye uyoga, kesho mwandishi atakayeeleza ngozi hiyo atatumia jina gani?

Kuna sababu nyingine inayonifanya nisione suala hili kuwa dogo. Miaka michache iliyopita dada yangu alilazwa katika hospitali moja akiwa na uvimbe shingoni. Mhudumu alitoka akamwambia binti yake, kwa haraka na bila maelezo zaidi, kwamba inahitajika tishu ya mama kwa ajili ya maabara. Binti yule, ambaye amemaliza darasa la saba na anajua kusoma vizuri, alikimbia dukani akarudi na boksi la karatasi za tishu, akalikabidhi dirishani kwa mikono miwili. Alisubiri pale kwa zaidi ya saa moja akiamini ametimiza alichotakiwa, na hakuna aliyemweleza kwamba daktari alikuwa anaomba ridhaa ya kukata kipande kidogo cha uvimbe. Kipande kilikatwa siku iliyofuata. Tangu siku hiyo nimekuwa mwangalifu sana na neno tishu, kwa sababu limebebeshwa karatasi ya mezani, nyama ya mgonjwa, miche ya maabara, na sasa uyoga. Neno lenye mizigo minne halimfikishi msomaji popote pasipo maelezo, na kila mzigo tunaoweza kuushusha na tuushushe.

Natambua kwamba wapo watakaonipinga, na baadhi yao ni wasomi kuliko mimi. Watasema kwamba tishu ni kundi la seli zinazofanana na kufanya kazi moja, na kwa tafsiri hiyo ngozi ya juu ya kofia ya uyoga ni tishu, kwa kuwa seli zake zinafanana na zinafanya kazi ya kulinda. Hoja hiyo ina uzito. Hata wataalamu wa kuvu wenyewe, wanapozungumza kwa haraka, husema tishu ya uyoga, na mkulima anayechukua kipande cha kofia kuandaa mbegu atasikia neno hilo hilo kutoka kwa bwana shamba. Sitaki kumsahihisha bwana shamba akiwa kazini. Lakini tafsiri inayotazama kazi peke yake inaificha asili, na asili ndiyo iliyowafanya wanasayansi kuwatoa kuvu katika orodha ya mimea na kuwapa himaya yao wenyewe, kama mwanaikolojia Mmarekani Robert Whittaker alivyopendekeza mwaka 1969. Kuta za seli za kuvu zina kaitini, dutu ile ile iliyomo katika gamba la kaa na kamba, na siyo selulosi kama za mmea. Gazeti linapoandika kwamba uyoga una tishu kama ya mmea, linamrudisha msomaji mahali ambapo elimu iliondoka zaidi ya nusu karne iliyopita.

Tena kuna madhara ya vitendo. Kuvu wa aina ya Aspergillus flavus, wanaotengeneza sumukuvu katika mahindi na karanga, wanaweza kukaa udongoni kwa njia ya vidonge vidogo vigumu na vyeusi. Vidonge hivyo ni nyuzi zilizobanana za aina ile ya pili niliyoieleza, zenye kuta nene na rangi nzito upande wa nje, na ndani mna akiba ya chakula. Mkulima akidhani ni mbegu za magugu au mawe atavipuuza. Akijua kwamba ni nyuzi zilizojifunga zikisubiri msimu, na kwamba zikipata unyevu zitafunguka na kutambaa upya, ataelewa kwa nini anashauriwa asiyaanike mahindi yake moja kwa moja juu ya udongo.

Basi tuseme nini? Ninapendekeza neno msuko. Walioliunda jina plektenkima walichagua neno la Kigiriki la kusuka, na sisi kitenzi hicho tunacho tangu enzi na enzi, na tunakitumia kila siku. Tungeweza kufikiria mfumo, kwa kuwa nalo linatokana na kufuma, lakini mfumo umekwisha kuchukuliwa na damu, mmeng'enyo na fahamu, na haufai kusumbuliwa. Nimewahi kuambiwa na mwalimu mwenzangu kwamba msuko ni wa nywele na wanafunzi watacheka. Kwangu hiyo ni sifa ya neno hili. Mtoto anayejua kwamba katika twende kilioni kila unywele una shina lake kichwani, na kwamba ukifumua msuko nywele zote zinabaki salama, tayari anaijua plektenkima. Kilichobaki ni kumpa hadubini. Kwa ile aina ya kwanza ningesema msuko wa nyuzi, na kwa ile ya pili msuko wa kubanana. Wanaoandika kwa ajili ya wataalamu wanaweza kuendelea na plektenkima bila kugombana na mtu, mradi mara ya kwanza wanapolitaja waeleze kwamba ndio msuko.

Ningeomba pia neno hili lisitanuliwe kupita kiasi. Utando wa bakteria unaoganda kwenye meno au ndani ya bomba si msuko, kwa kuwa bakteria hao wamezama tu katika ute wao. Sifongo wa baharini wana mambo yao yanayohitaji barua nyingine.

Kwa upande wa sarufi, neno msuko tayari lina ngeli yake na wingi wake, kwa hiyo tutaandika msuko wa uyoga umebanana, misuko ya mwani imelegea. Plektenkima ningeiweka pamoja na tishu na parenkima: plektenkima hii, plektenkima hizi. Ikiwa mtarejea makala ile katika toleo lijalo, sentensi inayohitaji kubadilishwa ni ya tatu katika aya ya tano, na inaweza kusomeka hivi: nyama ya uyoga ni msuko wa nyuzi nyembamba za kuvu, unaofanana na tishu ya mmea kwa macho lakini haukuzaliwa kama tishu.

Wako katika kuijenga lugha,

Mwalimu mstaafu wa biolojia,
Chumbageni, Tanga